Hatua Mbili Kutoka kwa Nyanya

Kahiga alileta zile faili Jumatatu saa nne asubuhi, kwenye flashi ndogo ya kijani, na hakutaka kuingia ndani. Alisimama mlangoni kwetu, mtaa wa Migosi mjini Kisumu, mkoba begani, macho sakafuni. Nilimnyoshea mkono nimsalimie. Akarudi nyuma nusu hatua, akaukumbatia mkoba wake kana kwamba nilitaka kuuchukua.

"Habari ya asubuhi, Mama," akaiambia sakafu.

"Njema. Ingia, chai iko tayari."

"Nimeshiba, Mama. Nitamngoja Akello hapa nje."

Niliuza samaki soko la Kibuye miaka ishirini na sita. Mteja asiyekutazama usoni, ama hana nia ya kununua, ama ameshaficha kitu. Nilimpelekea chai na andazi pale nje. Niliporudi kuchukua kikombe, chai ilikuwa imejaa vile vile, imeota utando juu, na andazi halijaguswa.

Akello ni mjukuu wangu. Mama yake, binti yangu, alifariki Akello akiwa na miaka sita, na tangu hapo tumekuwa wawili. Sasa ana ishirini na tatu, na kazi yake ni kuchora katuni zinazotembea kwenye kompyuta. Mwaka huu alikuwa anatengeneza gemu yake mwenyewe. Msichana anatoka ufuoni Asembo Bay na kikapu cha omena, wale dagaa wa ziwani, anapita kati ya mitumbwi, mbuzi, vibanda na watu wa soko, na mwishoni anamkabidhi nyanya yake kikapu mlangoni. Akishamkabidhi, umeshinda. Huyo nyanya alimchora akinitazama mimi. Hata kitambaa cha kichwa ni changu.

Gemu ilikuwa nzuri, lakini watu wake hawakuwa na miili. Msichana alipita katikati ya mbuzi kama moshi. Mitumbwi iliingiliana. Siku moja msichana alimpa nyanya kikapu, mkono ukazama tumboni ukatokea mgongoni, na kikapu kikatoboa ardhi kikaenda zake chini mpaka kikapotea. Tulicheka, ila Akello hakucheka kwa muda mrefu.

"Dani, kompyuta haijui mbuzi ni mbuzi," alinieleza. Dani ndivyo wajukuu wanavyotuita kwetu. "Kwake yote ni picha. Lazima kila mmoja umvike duara lisiloonekana. Maduara mawili yakigusana, kompyuta inajua hawa wamegongana, inawazuia."

"Basi wavike."

"Nimewavika. Lakini hesabu zangu ni za polepole. Msichana akikimbia, kompyuta inapoangalia, yeye ameshavuka upande wa pili."

"Kama kutega omena kwa wavu wa samaki mkubwa kama mbuta."

"Hivyo hivyo."

Kumbe kuna watu walioandika hesabu hizo vizuri, wakazikusanya kwenye faili zinazoitwa maktaba. Unaziweka ndani ya kazi yako, na zenyewe zinarekebisha migongano yote. Kahiga, aliyesoma naye chuo, alikuwa nayo maktaba ya namna hiyo. Alikuwa ameitengeneza kwa miezi mingi, na alisema atampa Akello bure.

Neno hilo, bure, ndilo lililotukaa kooni. Kampuni moja ya katuni hapa mjini ilikuwa inatafuta vijana wawili wa kufundishwa kazi mwaka mzima, kisha waajiriwe. Kila mwombaji angeonyesha gemu yake Alhamisi. Akello alikuwa amejaribu mwaka jana akakosa, na alilala siku tatu akitazama ukuta. Sasa ameitwa tena. Na Kahiga naye ameitwa, nafasi hiyo hiyo. Nani humnolea panga mtu anayeshindana naye shambani?

Jumatatu hiyo Kahiga aliketi kwenye ngazi ya nje na laptopu ya Akello magotini, akatugeuzia mgongo. Alifanya kazi kama dakika ishirini, akafunga mkoba, akaaga kwa kuinamisha kichwa na kuondoka haraka.

Mwanzoni ilikuwa ajabu. Mbuzi walikuwa mbuzi. Msichana akigonga kibanda, kibanda kilikataa. Mitumbwi iligusana ubavuni ikarudishana taratibu, kama kweli iko majini. Akello alinivuta mkono nije nione.

Kisha akamfikisha msichana kwa nyanya. Msichana akasimama hatua mbili kabla. Miguu ilikuwa inatembea, lakini mwili hausogei. Akello akajaribu kutokea kulia, kushoto, kwa mbio, kwa nyuma ya nyumba. Hatua mbili, kila mara. Akamsogeza nyanya kwa msichana, na nyanya naye akakwama hatua mbili. Kikapu hakikabidhiki. Gemu haina mwisho.

"Rekebisha basi," nikamwambia.

"Siwezi, Dani. Faili zenyewe zimefungwa. Ni kama mkebe uliochomelewa, unatumia lakini huoni ndani. Nikizitoa, mbuzi wanarudi kuwa moshi."

Alimpigia Kahiga. Simu yake ilikuwa imezimwa. Jumanne asubuhi ilikuwa imezimwa. Jumanne mchana pia.

Ondiek, binamu yake wa upande wa baba anayeuza vifuniko vya simu mjini, alikuja kwetu kula mchana huo kama kawaida yake. Alisikiliza habari yote huku akichambua mifupa ya samaki.

"Mtu ameomba kazi moja na wewe," alisema, "halafu anakuletea dawa bure? Akello, hata fisi hachungi mbuzi bila mshahara."

"Amekuwa akinisaidia tangu chuo," Akello akasema.

"Sasa je. Ndiyo anajua mlango wako uko wapi. Hawa watu wa milimani, si wa ziwani kama sisi, my sister, biashara wanazaliwa nayo. Amekuachia vitu vyote vifanye kazi vizuri, isipokuwa kile kimoja cha kushinda. Hilo ni kosa?"

"Mama yake alikuwa jirani yangu sokoni," nikasema. "Lorna, alikuwa anauza viazi. Nilipolazwa hospitali Kombewa, aliniuzia samaki wangu wiki mbili pamoja na viazi vyake, asiharibike hata mmoja."

"Huyo ni mama yake, Mama. Mimi naongea juu ya kijana."

Nilikumbuka ule mkono wangu uliobaki hewani, na chai iliyoota utando. Mtu mwenye moyo safi hukataa chai ya mwanamke mzee? Nilimwambia Akello habari hiyo. Leo natamani ningeimeza. Uso wake ulibadilika nikiutazama.

"Hakukusalimia kwa mkono?"

"Alirudi nyuma."

"Basi alijua anachokuja kufanya," akasema.

Jumatano saa tano aliandika barua kwa Bwana Bildad, mkubwa wa ile kampuni. Alinisomea. Ilisema kwamba Kahiga amempa kwa makusudi faili zilizoharibiwa ili gemu yake ishindwe, na kwamba mtu wa namna hiyo hafai kuaminiwa na kazi ya wengine. Ilikuwa fupi, na ilikuwa na jina kamili la Kahiga, majina matatu.

"Niitume, Dani?"

Ningeweza kumwambia angoje. Nimemfundisha kungoja tangu utoto. Lakini nami nilikuwa namshuku, kwa hiyo nikasema, "Wewe ndiye unayeijua kazi yako." Akaituma, akaenda kulala akitazama ukuta.

Nilibaki mezani na laptopu. Alishanionyesha vile vibonye vinne vya mishale, na nikaona heri nimtembeze yule msichana mwenyewe. Mimi si mwepesi. Vijana hukimbia moja kwa moja hadi kwa nyanya wakagonge pale pale. Mimi nilipotea ufuoni, nikaingia vibandani, nikasimama kwa kila mtu.

Kwa mwanamke mmoja mzee anayekaanga samaki, msichana alisimama hatua mbili. Nikadhani nimekosea kibonye. Kwa mwanamke wa pili, anayeanika omena, hatua mbili. Kwa mzee mwanamume anayeshona wavu, alifika mpaka begani. Kwa mama kijana mwenye mtoto mgongoni, alifika. Nilirudi mara tatu kuhakikisha. Si nyanya peke yake aliyezuiwa. Ni wanawake wazee wote, hata wale ambao mchezaji hana haja nao.

Hapo nikaanza kuwa na wasiwasi wa namna nyingine. Mwizi huvunja mlango anaoutaka. Hafungi milango ya kijiji kizima. Kama alitaka kumwangusha Akello, yule mkaanga samaki alimfungia nini?

Nikamleta kijana mmoja wa mtumbwi, kwa sababu gemu inakuruhusu kuchagua ni nani umtembeze. Nikamsogeza kwa mkaanga samaki. Akasimama mbali, na wakati vibonye vinamsukuma, bega lake likageuka kidogo upande, na bega la mama nalo likageuka. Walikaa hivyo, wanaheshimiana kwa ubavu.

Hayo nimeyaona maisha yangu yote, lakini si kwenye kompyuta.

Kwetu, kijana akioa, mama wa mke wake anakuwa maro wake, na kati yao panakuwa na nafasi. Hawashikani mikono ovyo, hawali meza moja, hawakai kiti kimoja. Si chuki, ni heshima. Na maro si mmoja. Dada za mama, wake wenza wake, wanawake wa rika lake katika ukoo, wote wanahesabiwa.

"Akello," nikaita. "Kahiga ameoa wapi?"

"Bado." Hakugeuka. "Ana mchumba."

"Wa wapi?"

"Anyango. Ni wa huko huko kwetu, Asembo. Kwa nini?"

"Alipelekwa nyumbani kwao lini?"

Akello aligeuka sasa. "Jumamosi iliyopita."

"Na faili alileta Jumatatu. Mpigie huyo Anyango."

Nilimweleza nilichodhani kuhusu maro, lakini hakutaka. Alisema Ondiek atamcheka, alisema mtu hawezi kuwa mjinga kiasi hicho. Nilimpa simu mkononi nikangoja. Aliweka sauti kubwa ili nami nisikie.

Anyango alianza kucheka kabla hajamaliza kusikia swali. Alisema Kahiga alipofika kwao alimwona mama mkwe mtarajiwa anatoka jikoni na karai la maji, akamwendea akamkumbatia kwa nguvu, kama wanavyokumbatiana kwao. Karai lilianguka. Mama alijifungia ndani mpaka wageni wakaanza kuulizana. Basi ndugu zake Anyango wakampeleka Kahiga kando kumfundisha adabu.

"Walikuwa wanamtania, Akello," Anyango alisema. "Walimwambia Asembo yote sisi ni jamaa. Kila mwanamke mzee utakayemwona ni maro wako, hata ukimkuta Kisumu. Usimguse, usile kwake, usimtazame. Akauliza, umbali gani? Kaka yangu Walter akamwambia hatua mbili. Kahiga akatoa daftari akaandika."

"Sasa yuko wapi?"

"Yuko hapa tangu juzi. Amemletea mama mbuzi wa kuomba msamaha. Simu yake iliisha chaji na stima imepotea. Nimpe?"

"Mwambie aje leo hii," Akello akasema. Alikuwa anatazama laptopu, pale kwenye barua iliyokwisha kwenda.

Kahiga alifika saa kumi, vumbi hadi magotini, akasimama pale pale mlangoni. Nami nikasimama upande wa ndani. Kati yetu, ukipima, zilikuwa hatua mbili.

"Kijana," nikamwambia, "mimi ni maro wako?"

"Sijui, Mama." Alikuwa bado anaiambia sakafu. "Akello alisema nyinyi ni wa Asembo. Nikaona kama ni kukosea, heri nikosee upande wa heshima."

"Mimi nimezaliwa Seme. Niliolewa Asembo, kwenye ukoo ambao haujui hata mlango wa kina Anyango. Ingia uketi."

Aliingia. Aliketi ukingoni mwa kiti, kama mtu anayengoja kuambiwa ni utani.

Akello alimwonyesha gemu bila kusema chochote. Msichana akakimbia, akasimama, miguu ikawa inatembea bure. Kahiga alitazama mara moja tu, akafunika macho kwa kiganja.

"Ni mjukuu wake," alisema. "Nilisahau kwamba huyu ni mjukuu."

"Ulifanya nini humo ndani?"

"Jumapili nilikuwa naangalia gemu yako. Nikaona ni Asembo, hadi nguo. Nikafikiri, watu wa Asembo wataicheza, wataona vijana wanajigonga kwa mama zao wakwe, watakucheka kama walivyonicheka mimi. Sikutaka wakucheke. Nikawapa akina mama wazee duara kubwa kuliko la wengine, na kijana akikaribia, wageuziane bega."

"Hukujaribu mpaka mwisho?"

"Nilijaribu na kijana wa mtumbwi. Alisimama mbali vizuri sana." Alisema hivyo kwa huzuni. "Nilifurahi, nikafunga faili. Nilitaka kukueleza Jumatatu, lakini Mama alikuwa amesimama hapo, nikaona aibu kulitaja jambo hilo mbele yake."

Akafungua mkoba wake. Ilimchukua saa moja na nusu. Sikuelewa alichokuwa anaandika, ila niliona kwamba kila mara alimuuliza Akello: huyu na huyu wana uhusiano gani? Huyu ni mkwe wa nani? Akello akawa anajibu kwa sauti ndogo. Mwisho, duara kubwa likabaki kati ya mkwe na maro wake tu. Wengine wote walikaribiana kama watu.

Msichana akakimbia, akafika. Nyanya akapokea kikapu kwa mikono miwili, na mikono haikuzama popote.

Kahiga alitabasamu. Akello hakutabasamu. Nilijua anatafuta maneno ya kukiri, nikaenda jikoni ili nisimpunguzie wala nisimwongezee. Lakini kati ya jikoni kwetu na sebule hakuna mlango.

"Kahiga, nimekuandikia barua mbaya," alisema. "Kwa Bwana Bildad. Nimesema uliniharibia kwa makusudi."

"Umeandika jina langu?"

"Yote matatu."

"Imeenda?"

"Saa tano asubuhi."

"Nionyeshe."

Akasoma. Barua ilikuwa fupi, lakini aliisoma muda mrefu. Mimi nilikuwa nimeshika mwiko na sikumbuki nilikuwa nakoroga nini.

"Ungeningoja siku moja," akasema.

"Simu yako ilizimwa."

"Hata hivyo."

"Na mimi nilimwambia hukunisalimia," nikasema kutoka jikoni, kwa sababu haikuwa haki abebe peke yake. "Nilidhani unaficha kitu."

Hakunijibu vibaya. Alisema tu, "Pole, Mama," kana kwamba mimi ndiye niliyeumizwa.

Akello akaanza barua ya pili. Ile ya kwanza ilimchukua robo saa. Hii ilimchukua mpaka nikamaliza kupika. Aliandika, akafuta, akaandika. Kahiga alikuwa kando yake, na wakati fulani nilimsikia akisema, "Usiandike kwamba faili hazikuwa na kosa. Zilikuwa na kosa. Andika kosa lilikuwa gani."

"Watakucheka."

"Wamezoea."

Jibu lilikuja kabla ya chakula kupoa. Bwana Bildad alisema barua zote mbili amezipokea na zote mbili zitahifadhiwa. Kahiga atafika Alhamisi saa mbili, kabla ya wengine, afungue faili zake mstari kwa mstari mbele ya mafundi wake. Hakusema zaidi. Akello alikuwa amepangiwa saa nne. Alisema naye atafika saa mbili.

Alikwenda. Alinieleza baadaye kwamba walimwacha Kahiga ndani saa nzima na nusu, na yeye akakaa kwenye benchi la nje, akiwaambia wote waliouliza kwamba kijana aliye ndani anaulizwa maswali kwa sababu yake yeye. Ondiek alimpigia simu kujua kama fisi amekamatwa. Akello akamweleza ilivyokuwa, na Ondiek, ambaye hajawahi kukosa neno, akasema tu kwamba ana mteja.

Waliochukuliwa ni Kahiga na msichana mmoja wa Bondo. Gemu ya Akello waliipenda, wakaicheza mara mbili. Mmoja wa mafundi aliuliza kwa nini kijana wa mtumbwi anageuza bega kwa mwanamke yule mmoja peke yake, na Akello alipomweleza, fundi akayaandika maelezo hayo. Lakini Bwana Bildad alimwambia waziwazi kwamba kazi yao ni ya kupeana faili mkono kwa mkono kila siku, na mtu anayeandika kwanza na kuuliza baadaye huwatia wenzake hofu. Aombe tena mwakani.

Alirudi saa tisa. Safari hii hakwenda kutazama ukuta. Aliketi mezani, akavua viatu.

"Ningekuwa wao, Dani, nisingemchukua mtu kama mimi."

"Inauma?"

"Inauma sana."

Nilimpakulia ugali na mboga, nikaketi karibu naye, bega kwa bega, mpaka alipoanza kula.